Shukrani kwa Waosha Maiti

Katika kazi zote za mwambao wetu ambazo watu huzihitaji sana na kuzisifu kidogo, sioni iliyo bora kuliko ya mwosha maiti, ambaye huitwa usiku wa manane, akaja na majani yake ya mkunazi yaliyopondwa, akayajaribu maji kwa mgongo wa mkono, kana kwamba yule aliyelazwa kitandani angali akiweza kuungua. Humsitiri kwa shuka tokea kitovuni hata magotini, huanzia upande wa kuume, huosha kwa witri, na maji ya mwisho huyatia karafuumaiti. Kisha huja sanda, nguo 3 kwa mwanamume na 5 kwa mwanamke. Aibu aliyoiona mwilini haitoki naye mlangoni, na hiyo, kwa rai yangu, ndiyo amana iliyo nzito kuliko zote.

Bibi mmoja wa kazi hiyo, nilipomuuliza kama haogopi mauti, alicheka kidogo: “Mwanangu, mwosha huoshwa. Ninaloogopa ni kuoshwa na mtu mwenye haraka.”

Enyi vijana, wazee hawa wangali hai, wala hawamkatai mwanafunzi, nendeni mkajifunze.