Siku ya Durin

Msomaji, usidhani kwamba mwandishi anayebuni ulimwengu wake aweza kusema lolote apendalo. Chukua The Hobbit, kitabu cha J.R.R. Tolkien kilichotolewa mwaka 1937. Mbilikimo wa hadithi hiyo huanza mwaka wao uandamapo mwezi wa mwisho kabla ya majira ya baridi. Mwezi huo na jua vikionekana mbinguni pamoja, siku hiyo huitwa Siku ya Durin. Na mwali wa mwisho wa jua lake ndio uonyeshao tundu la ufunguo katika mlango wa siri mlimani.

Siku imebuniwa, lakini mbingu hazikubuniwa. Mwezi mchanga huonekana kweli upande wa magharibi, mwembamba, wakati jua likichwa. Kila aliyengoja mwezi wa Idi ajua hivyo. Kwa sababu hiyo twasadiki, na wingu lifunikapo jua twahangaika pamoja na mbilikimo.

Kasoro ipo. Mbilikimo wakiri kwamba hawana tena elimu ya kuihesabu siku hiyo, kisha wajikuta mlangoni siku ile ile. Ni bahati kubwa mno. Walakini bahati peke yake haikufungua mlango. Wenzake walipougua kwa kukata tamaa, Bilbo alisimama akitazama. Na tundu lilipofunuka, yeye ndiye aliyepiga kelele utafutwe ufunguo.

Nawe utungapo insha, buni utakavyo. Ila ulichokibuni ukiwekee sheria, uitii.