Mwezi mdogo, maji machache?

Mwezi uliopita nilikwama siku tatu nzima kwenye mchezo. Si mchezo wa kununua, ni ule wa kufungua kwenye kivinjari: unabofya, umeshaingia, ilimradi bando lisikate. Jina lake sitalitaja. Inavyoonekana umetengenezwa na mtu mmoja kwa mapenzi yake na anautoa bure, na mengine nitakayoyasema hapa ni makali kidogo. Ila naomba tuusome kama tunavyosoma hadithi fupi, kwa sababu ndivyo ulivyo: hadithi ya maneno machache yenye mlango uliofungwa katikati.

Uko kisiwani peke yako. Mlinzi wa mnara wa taa ametoweka na ameacha daftari, makoti mawili na birika ambalo bado linafuka moshi. Ng'ambo kuna kisiwa kidogo chenye nyumba, na katikati kuna fungu la mchanga lililozama. Ukutani kuna gurudumu la shaba lenye miezi minane, na chini yake matundu manne. Daftari linakuelekeza: chagua miezi minne, ipange kuanzia ile ya maji machache mpaka ile ya maji mengi, fungu litatoka, utavuka.

Nianze na sifa, maana anastahili. Mlinzi hasemi hata mara moja kwamba ana upweke. Anahesabu vikombe tu. Jumatatu vikombe viwili, Alhamisi viwili, halafu ukurasa fulani kikombe kimoja, na toka hapo ni kimoja mpaka mwisho. Nimesoma riwaya nene ambazo zisingeweza kujizuia hivyo. Na sauti ya maji, jamani, mtu huyu aliwahi kukaa kimya karibu na bahari akasikiliza.

Kusikiliza alisikiliza. Kuitazama ndiyo sina hakika.

Mimi ni mtu wa Kilwa Masoko. Kwetu kalenda ya ukutani ilikuwa ya kujulia sikukuu za serikali. Ratiba ya kazi ilitoka juu. Shangazi yangu alikuwa anachokoa pweza, na mchokoaji haendi mwambani siku anayotaka yeye, anakwenda siku bahari inapompa ruhusa. Ruhusa hiyo huja na bamvua, na bamvua ni mbili kila mwezi: ya mwezi kuandama na ya mwezi mpevu. Siku hizo na siku mbili tatu zinazofuata, maji yanakupwa mpaka mwamba unabaki wazi, kwetu mida ya saa nne asubuhi hivi, kisha ikifika saa kumi jioni bahari imejaa mpaka juu kabisa ya ufukwe. Kati ya kupwa na kujaa ni zaidi ya mita 3. Halafu katikati ya bamvua na bamvua, mwezi ukiwa nusu, kuna maji mafu. Bahari inavuta miguu tu, haitoki sana na haiji sana, tofauti ni kama mita 1. Sababu yake hata shuleni tulifundishwa: mwezi ukiandama na ukipevuka, jua na mwezi vinavuta kwa mstari mmoja, ukiwa nusu, kila kimoja kinavuta upande wake.

Sasa kaa na elimu hiyo mbele ya gurudumu la shaba. Kuanzia maji machache mpaka maji mengi. Mwezi unaoandama na mwezi mpevu vina haki sawa. Siku zote mbili maji ni machache kuliko siku nyingine, na siku hizo hizo ni mengi kuliko siku nyingine. Ukiniuliza maji mengi ni lini, nami itabidi nikuulize: saa ngapi?

Nilidhani mtengenezaji ni mjanja kunizidi. Nikasema labda anahesabu maji ya kupwa peke yake, basi nianze na mwandamo na mpevu, nimalizie na nusu mbili. Kengele ikalia, kaa akapita mchangani; ndiyo namna ya mchezo kukuambia umekosea. Nikageuza. Kaa. Nikaweka siku mbili baada ya mpevu, kwa kuwa bamvua kali huja mwezi ukiwa umeshaanza kumegeka. Kaa. Kuchagua na kupanga miezi minne kati ya minane kuna njia 1,680, kwa hiyo hata kubahatisha haikuwa dawa. Ilipofika kaa wa thelathini hivi nilikuwa namchukia kaa yule kama jirani mwenye redio.

Halafu kuna suala la sura. Miezi ya gurudumu imesimama wima. Ile myembamba imechorwa kama mabano, moja limegeukia kushoto, jingine kulia, na aliyezaliwa kaskazini anajua kwa kutupia jicho ipi inakua na ipi inaisha. Kwetu, nyuzi 9 hivi kusini mwa ikweta, mwezi mwandamo hausimami. Unalala chali juu ya machweo kama mtumbwi usio na mtu. Ule wa mwisho wa mwezi unaouona alfajiri upande wa mashariki nao umelala vivyo hivyo. Tunaitofautisha kwa saa na kwa upande wa anga, sura yake haitusaidii sana. Kwa hiyo nilikuwa nakosea jibu na pia nakosea kusoma herufi za swali.

Siku ya tatu alikuja mpwa wangu, mtoto wa dada. Yuko kidato cha pili, amezaliwa na kukulia Mbagala. Alisimama nyuma ya kiti akila muhogo wa kukaanga.

"Mjomba, si mwezi mdogo maji machache, mwezi mkubwa maji mengi?"

Akanyoosha mkono, akaweka mwezi mweusi, mwembamba, nusu, mpevu. Fungu la mchanga likainuka, muziki ukapiga, nyumba ya ng'ambo ikawasha taa. Sekunde kumi hazikufika.

Hapo ndipo nilipoamua kuandika. Kushindwa na mtoto ni kawaida yangu. Kilichoniuma ni namna nilivyoshindwa. Sisi tuliokua na vitendawili tunajua masharti ya shughuli. Mtu anasema "Kitendawili!", wengine wanamjibu "Tega!", na wakishindwa wanampa mji. Kuna jambo hatulisemi kwa sababu lilikuwa wazi: aliyepewa mji lazima atoe jibu, na jibu likitoka waliokaa pale lazima walalamike kwa kicheko, "Aa, kweli bwana!" Jibu zuri linakurudisha kwenye kitu ulichokuwa unakijua siku zote, ila hukuwa umekitazama kwa upande huo. Mtegaji akisema jibu na watu wakanyamaza wakatazamana, mji wanaudai urudi. Mimi nilipoona fungu lile linainuka nilidai mji wangu, peke yangu, mbele ya skrini.

Si mara ya kwanza mwandishi kuponzwa na mwezi. Rider Haggard, katika riwaya ambayo wengi wetu tuliijua kwa Kiswahili kama Mashimo ya Mfalme Sulemani, toleo la kwanza la mwaka 1885, alipatwisha jua wakati mwezi wa hadithi hiyo hiyo ni mpevu. Haiwezekani, jua hupatwa mwezi ukiwa haujaandama. Matoleo ya baadaye akageuza, kikawa kinapatwa mwezi. Ninachokipenda katika kisa hicho ni kwamba alisahihisha. Alikubali kwamba hata hadithi ya mashimo ya almasi na wachawi inadaiwa kitu na anga la kweli.

Mtu ataniambia: bwana, huo ni mchezo, kisiwa cha kufikirika, bahari yake ina sheria zake. Hoja nzuri, na jibu lake nimelikuta nyumbani.

Tarikh ya Kilwa, ile ya Kiarabu iliyochapishwa Uingereza na Arthur Strong mwaka 1895, ina kisa ambacho watu wa kwetu wanakijua hata kama hawajaona kitabu. Mgeni kutoka Shirazi anamkuta mwenyeji wa Kisiwani, anakinunua kisiwa kwa nguo za kukizungusha chote. Mwenyeji anachukua nguo zake, anavuka kwenda bara, moyoni ana nia ya kurudi na watu kumuua mnunuzi. Wakati huo, kisa kinasema, maji yakipwa mtu alivuka kwa miguu. Mnunuzi anashauriwa achimbe pale pa kuvukia. Siku ya siku mwenyeji anarudi, anasimama ufukweni upande wa bara, anangoja maji yatoke kama desturi yake. Anangoja. Maji hayatoki.

Tazama hadithi inavyofanya. Inavunja sheria ya mwezi, ndiyo, lakini inakuonyesha mahali ilipovunjwa na kilicholipwa: kuna watu walioshika majembe. Katika masimulizi ya Kiswahili aliyoyachapisha Carl Velten mwaka 1907, kazi hiyo inafanywa na kisomo na sadaka. Bado kuna gharama na bado kuna aliyeitoa. Na ukali wote wa kisa unatokana na ujuzi wa yule mtu wa ufukweni. Angekuwa hajui bahari asingengoja. Anajua maji yatatoka saa ngapi, anajua kama shangazi yangu alivyojua, na ujuzi huo ndio unaomwangusha. Leo ukisimama gati la Masoko ukaitazama Kisiwani, kama kilomita 2 ng'ambo, unaona mlango wa maji marefu ambao hakuna bamvua inayoukausha, na unaelewa kwa nini watu waliona panahitaji hadithi.

Nakiri, nimeanza kumhurumia yule mwenyeji ambaye tarikh inamfanya mbaya. Nilikuwa naye ufukweni siku tatu. Tofauti yetu ni kwamba yeye alishindwa na handaki, kuna mtu aliyelipanga akijua maji yanavyokwenda. Mtengenezaji wa mchezo hakubadilisha sheria ya bahari. Hakujua kama ipo. Angeandika ukurasa mmoja tu kwenye lile daftari, mlinzi akashangaa kwamba bahari ya pale inanenepa na kukonda pamoja na mwezi, ningenyamaza na kupanga. Kalamu iliyoweza kuhesabu vikombe kwa ustadi ule ingeweza kabisa.

Na nisingekuwa na haraka ya kusahihisha kama ingekuwa ni shaba na kaa tu. Nilipokuwa na miaka kumi shangazi alinichukua mwambani siku ya bamvua ya giza, usiku wake mwezi haukuonekana hata ukucha. Niliona pweza mdogo kwenye shimo, nikakataa kuondoka. Maji ya bamvua hayarudi mbele yako ukayaona yakija. Yanazunguka, yanajaza mkondo ulioko nyuma, kati yako na nchi kavu, wewe bado umesimama pakavu unachokonoa. Shangazi hakupiga kelele. Alinishika kiwiko, akatupa ndoo na pweza wote wa asubuhi ile, tukavuka maji yakiwa yamemfika kifuani, mimi niko begani. Ufukweni ndiyo akanichapa. "Mwezi haupo, bahari ipo," aliniambia, na sikumwona akilia ila niliona anavyotetemeka mikono.

Mtu anayeamini mwezi mdogo ni maji machache angekaa pale pale amsubiri pweza.

Mpwa wangu anataka kwenda Kilwa Desemba kwa bibi yake. Ameshaniambia atakwenda mwambani, anataka kupiga picha. Jioni ile baada ya kufungua mlango wa mchezo nilimtoa nje. Mwezi ulikuwa nusu, juu ya mabati ya jirani.

"Leo bahari ikoje?"

"Nusu."

"Nusu ya nini?"

Akafikiri. Akasema labda maji yamefika katikati ya ufukwe. Nikampigia simu mama, nikampa aongee naye mwenyewe. Sikusikia upande wa pili, nilisikia tu mtoto anasema "shikamoo bibi", kisha "ndiyo", kisha "mara mbili?", kisha kimya kirefu, kisha "hata kama haupo kabisa?" Alipomaliza akanirudishia simu.

"Mwambie aje na raba kuukuu," mama akaniambia. "Mwamba unakata. Na mje kabla mwezi haujaandama, si baada ya wiki kama mlivyofanya mwaka juzi mkanikuta na maji mafu."