Kusimamisha Kinyago

Miaka yote ya utoto wangu, juu ya kabati la sebuleni kwetu alikaa mzee wa mpingo. Ameshika fimbo, mgongo umepinda kidogo, ndevu zimechongwa unywele mmoja mmoja, mbavu zinahesabika. Wageni walimsifu kwa maneno yale yale: "Kama mtu kabisa!" Mimi ndiye niliyempanguza vumbi kila Jumamosi, na sikuwahi kumwogopa wala kumpenda. Alikuwa kama mtu kabisa, na uhai hakuwa nao hata chembe. Sababu sikuijua mpaka ukubwani, niliponunua kinyago changu mwenyewe, kisichofanana na mtu wala mnyama, ambacho mke wangu alikataa katakata kisilale chumbani.

Hiki cha pili kina urefu wa kutoka kiwiko hadi ncha ya vidole. Kimesimama kwa mguu mmoja. Mguu wa pili umepanda juu, umezunguka nyuma ya shingo na kutokea mbele ukiwa sikio. Jicho ni moja, limetoka nje kama la kinyonga. Tumbo hakina: mahali pake pana tundu la kupitisha ngumi ya mtoto, na taa ikiwashwa mwanga hupenya humo ukaenda kutua ukutani. Ni nani huyu? Haiwezekani kusema. Lakini kitazame kidogo, nawe utajikuta unahamisha uzito wako kutoka mguu huu kwenda ule, kwa kuwa mwili wako umeshatambua kinachoendelea kabla ya akili. Kinajizuia kisianguke.

Wachongaji wa Kimakonde na wauzaji wana majina ya mitindo hii miwili. Yule mzee ni wa mtindo wa binadamu, na huyu wa mguu mmoja ni shetani. Ukisikia majina tu, utadhani wa kwanza ndio unaoiga maisha na wa pili unayakimbia. Nadhani ni kinyume chake, na ushahidi wangu wa kwanza ni wa kale kuliko vinyago vyote viwili.

Mwaka 1906 Karl Weule, Mjerumani wa Leipzig, alizunguka Lindi, Masasi na Newala akikusanya habari za watu wa kusini. Wamakonde walimsimulia asili yao, naye akaichapisha miaka miwili baadaye. Kisa chenyewe ni kifupi mno. Huko Mahuta, palipokuwa msitu mtupu, alitokea mtu mmoja asiyeoga, asiyenyoa, na chakula chake kidogo tu. Akatoka kwenda mahali pa wazi, akachonga umbo la mtu kwa mti wa huko, akalibeba hadi kwake msituni, akalisimamisha. Usiku umbo lile likapata uhai, likawa mwanamke. Wakateremka wote wawili mto Ruvuma kuoga. Mama akazaa, mtoto amekufa. Wakahamia bonde la Mbwemkuru, akazaa tena, naye amekufa. Wakarudi juu Mahuta, na mtoto wa tatu ndiye aliyeishi.

Hesabu vitenzi vya yule mtu: akatoka, akachonga, akabeba, akasimamisha. Hakuna palipotajwa kufanana. Msimulizi hajali kama pua ilikaa sawa au kama vidole vilitimia vitano. Na hata kama angejali, umbo lile lingefanana na nani? Yule bwana alikuwa peke yake; mwanamke hajapata kumwona. Plato alilalamika kwamba mchoraji huiga kitanda cha seremala, na seremala naye huiga wazo la kitanda, hivyo picha iko mbali na ukweli kwa hatua kadhaa. Kwa Wamakonde hatua hizo zimegeuzwa: kinyago ndicho cha kwanza, na mtu wa damu na nyama ndiye aliyekifuata. Ovid wa Roma naye ana mchongaji wake, Pygmalion, ambaye sanamu yake iligeuka mke. Lakini Pygmalion aliibusu sanamu, akaivika vito, akaenda kumwomba Venus. Mmakonde hakumwomba mtu wala mungu. Kazi yake iliishia kwenye kusimamisha, na yaliyobaki aliuachia usiku.

Nimeling'ang'ania neno hilo, kusimamisha, kwa sababu naona ndilo kipimo ambacho kisa chenyewe kinatupa. Tumezoea kukiuliza kinyago kama kimefanana. Kisa kinauliza kimesimamaje.

Turudi basi kwa mzee wa kabatini. Amesimama wima katikati ya kitako cha mviringo, miguu yote miwili imezama kwenye kitako hicho, fimbo nayo imegandamana humo humo. Ukimwondolea fimbo hayumbi. Fimbo ni pambo, si tegemeo, kwa hiyo uzee wake nao ni pambo: mgongo umepinda bila uzito wowote wa kuupinda. Uso umeelekezwa mbele, kwa anayenunua. Mtindo huu ulishamiri kwa soko la Wareno, wamisionari na wafanyabiashara: mzee mwenye fimbo, mvuta kiko, mama mwenye mtungi kichwani. Mnunuzi alitaka kuondoka na Mwafrika anayemjua tayari, na mchongaji, mwenye watoto wa kulisha, akampa. Ufundi upo, tena mwingi. Ila kilichoigwa hapo ni picha iliyokuwa kichwani mwa mgeni.

Mti wenyewe nao unalipinga umbo hilo. Mpingo hukua taratibu mno na mara nyingi haunyooki. Gogo lake lina vifundo, nyufa na mashimo, na nje ya moyo mweusi kuna tabaka jeupe la kimanjano. Ukitaka kutoa mzee aliyenyooka kwenye gogo kama hilo, utapigana nalo kwa tezo na patasi siku nzima, na sehemu kubwa ya mti ulioubeba kutoka porini itaishia chini kama vipande.

Asili ya mtindo wa shetani hutajwa kuwa mchongaji Samaki Likankoa, miaka ya 1950, aliyekuwa akimuuzia kazi zake Mohamed Peera wa Dar es Salaam. Inasimuliwa kwamba alikuwa akichonga mtu wa kawaida, mkono ukavunjika. Badala ya kulitupa gogo, akalimalizia kwa umbo la kiumbe wa porini asiyehitaji mikono miwili. Wapo wanaokitilia shaka kisa hiki kwa kuwa kimekaa vizuri kupita kiasi. Mimi nakipenda hata kama kimepigwa msasa, maana kinaeleza kwa usahihi kilichobadilika: mti ulisema hapana, na safari hii mchongaji akasikiliza. Tangu hapo ufa ukawa mdomo, shimo likawa tumbo, na tawi lililopinda likawa mguu unaopita nyuma ya shingo. Kinyago changu hakiigi kiungo hata kimoja kama kilivyo. Kinaiga kazi ya kuwa hai, yaani kujishikilia dakika hii, na inayofuata, kwa mguu ulio nao.

Mtindo wa tatu ndio unaojulikana zaidi, ile nguzo ya watu waliopandana. Huhusishwa na Roberto Yakobo Sangwani, aliyetoka Msumbiji kuja Dar es Salaam mwishoni mwa miaka ya 1950. Jina la awali la mtindo huo ni dimoongo, nguvu, na inasemekana kazi za mwanzo zilionyesha mshindi wa mieleka akibebwa na wenzake. Lilipokuja Azimio la Arusha mwaka 1967 na siasa yake, nguzo ile ikapata jina jipya, ujamaa. Mpaka leo utamsikia mwongoza watalii akieleza kwamba kinyago hiki kinaiga siasa ya Mwalimu Nyerere. Kitaigaje kilichokuja nyuma yake? Siasa ndiyo iliyokuwa inatafuta sura, ikaikuta imeshachongwa.

Jina lile jipya limetufundisha kuitazama nguzo kutoka mbali, kama umati mmoja. Isogelee, uanzie chini. Katika nguzo moja niliyowahi kuikalia karibu kwa saa nzima, mtu wa chini kabisa amechuchumaa, shavu limelala kwenye goti lake mwenyewe, na kisigino cha mwingine kimekanyaga bega lake. Juu yake kuna mwanamke aliyembeba mtoto na kubebwa wakati huo huo. Hakuna mkono unaovuka duara la gogo: mchongaji ametoa nyama yote ya kati akaacha watu, lakini mpaka wa nje ni ule ule ambao gamba la mti liliuchora. Ndiyo maana kila shingo imelazimika kuinama. Na yule wa chini, kwa jinsi shavu lilivyokaa, hawezi kabisa kumwona aliye kileleni. Dimoongo lilikuwa jina la misuli hiyo inayobeba. Ujamaa ni jina la kuitazamia ukiwa umekaa jukwaani. Yote mawili ni halali, lakini patasi ilishuhudia la kwanza.

Kisha kuna uigaji wa uigaji. Niliwahi kuuziwa shetani mdogo mweusi ti, nikafurahia bei. Jioni shati langu likawa na doa. Nilimtumbukiza kwenye beseni: mpingo ni mzito kuliko maji, huzama moja kwa moja. Huyu akaelea chali, na maji yakageuka rangi ya chai ya rangi. Ulikuwa mti mwepesi uliopakwa dawa ya viatu. Watu hudhani udanganyifu ni hiyo dawa. Kilichonikera mimi ni mguu. Alikuwa ameinua mmoja kama wa kwangu wa nyumbani, lakini ule wa chini ulikuwa umenenepeshwa na kuungana na kitako kipana, ili asivunjike sandukuni. Mkao ulinakiliwa na hatari ikaachwa. Akawa mzee wa kabatini, amevaa nguo za shetani.

Watu husema kinyago ulichokichonga mwenyewe hakikutishi. Ni methali ya mtu mwerevu, na siasani hutumika vizuri, lakini sidhani aliyeitunga aliwahi kukaa mbele ya mapiko. Hii ni ngoma ya Wamakonde inayohusiana na jando. Kinyago chake, lipiko, huchongwa kwa mti mwepesi, kikabandikwa nywele halisi za mtu na kuchorwa chale kwa nta, hata usoni kikamkaribia binadamu kuliko mzee wetu wa kabatini. Hakina kitako. Huvaliwa kichwani kama kofia nzito, mwili wa mchezaji ukafichwa kwa nguo, kikasimama kwa miguu ya mtu. Wanawake na watoto waliambiwa huyo si mtu. Kijana aliyeingia jandoni ndiye aliyefunuliwa kwamba ndani yumo mjomba au jirani, na akaapishwa kunyamaza. Kwa hiyo kijijini walikuwepo watu waliojua nani alichonga, nani amevaa, hata nywele zilitoka kichwa gani, na bado lipiko likikurupuka kuelekea upande wao walirudi nyuma. Ujuzi wa kichwani haukuifikia miguu kwa wakati.

Siku hizi lipiko utalikuta makumbusho, limechomekwa kwenye chuma usawa wa uso wa mgeni, nyuma ya kioo. Watu huinama kuyatazama macho yake ya mbao, wakasifu jinsi yalivyochongwa kwa ustadi. Macho hayo hayakuwahi kutumika. Mchezaji alikuwa akichungulia kwenye mdomo.