Neno Daraja na Kazi Zake

Msomaji, ukipanda gari mjini Ruiru asubuhi kwenda Thika, utaipita nchi ya Juja na Kalimoni, na njiani utavuka mito ambayo huenda usiione. Nchi hii ni nchi ya mito. Mto Ruiru na mto Ndarugu hushuka kutoka milima ya Nyandarua ikauelekea mto Athi. Chania na Thika hutoka katika milima iyo hiyo, hukutana mjini Thika, kisha maji yake huenda Tana. Penye mto barabarani pana daraja, na daraja lililo jema halijitangazi: abiria husinzia juu yake akaamka ng'ambo, asijue kwamba alibebwa juu ya maji. Neno lenyewe daraja lina tabia hiyo. Twalitumia kila siku bila ya kulitazama. Katika insha hii nataka tusimame juu ya neno hili, tuone limejengwa kwa nini, linachukua mizigo gani, na ni wapi limeanza kupata ufa.

Mhandisi akisema daraja, maana yake ni moja. Ni jengo linalopitisha njia juu ya kizuizi, kama vile mto, bonde, reli au njia nyingine. Lina nguzo, lina boriti au tao, lina sakafu ya kupitia, na lina kingo za kumlinda apitaye. Lakini karani wa ofisi akisema kwamba mwenzake amepandishwa daraja, hana habari ya nguzo wala boriti. Anasema habari ya cheo na mshahara. Mpenzi wa kandanda akilia kwamba timu yake imeshuka daraja, hakuna mchezaji aliyetumbukia mtoni. Na ukisoma maandishi ya zamani ya Pwani utakuta daraja ikiwa ni vipandio vya nyumba, yaani vile tuviitavyo leo ngazi. Hizo ni maana tatu: kipandio, cheo na kivuko. Je, zilikutanaje katika neno moja?

Neno hili tulilipata kwa Waarabu. Kwao daraja ni kipandio, na kutoka kipandio likawa cheo, kwa sababu apandaye ngazi huwa juu ya aliye chini yake. Safari hiyo ya maana, kutoka ngazi hata cheo, si ya Waarabu peke yao. Neno ngazi limeifuata njia iyo hiyo, ndiyo maana twasema mkutano wa ngazi ya taifa. Neno kidato nalo ni hivyo. Kidato ni alama ikatwayo katika shina la mnazi ili mkwezi apate pa kuweka mguu, nalo ndilo tulilolitumia kwa miaka mingi kuhesabia masomo ya sekondari. Mwanafunzi wa kidato cha tatu, kwa maana ya asili, ni mtu aliye juu ya mnazi, amekanyaga alama ya tatu, na nazi bado ziko mbali.

Lakini maana ya tatu, ile ya kivuko, ni kazi ya Waswahili wenyewe. Mwarabu ana maneno mengine kwa jengo la kuvukia mto, kama jisr na qantara. Waswahili ndio waliolichukua jina la kipandio wakalipa jengo hilo, na ukitafakari huoni ajabu. Ngazi na daraja la mto zote mbili zimetengenezwa kwa mkono wa mtu ili mguu ufike pale usipoweza kufika wenyewe. Moja hufikisha juu, nyingine hufikisha ng'ambo. Hata katika nchi hii ya Kalimoni neno hilo liliingia likakaa, maana Mgikuyu husema ndaraca, naye akilisema huwaza mto.

Hapa yafaa nitoe onyo dogo. Wako wanafunzi wadhanio kuwa daraja na darasa ni maneno ya ukoo mmoja, kwa kuwa yote mawili yanasikika shuleni na sauti zake zafanana. Sivyo. Darasa latokana na shina lenye maana ya kusoma, na daraja latokana na shina lenye maana ya kwenda hatua kwa hatua. Kufanana kwa sauti si ushahidi wa udugu.

Jina likishashika mahali huweza kuishi kuliko kitu chenyewe. Mfano mzuri uko Unguja. Zamani Mji Mkongwe ulitengwa na mitaa ya upande wa pili kwa hori ya maji ya bahari, na watu walivuka kwa daraja. Upande wa pili uliitwa Ng'ambo, na mahali pa kuvukia pakaitwa Darajani. Baadaye hori ilifukiwa, maji yakatoweka, na daraja halikuwa na kazi tena. Lakini soko lililofunguliwa hapo mwaka 1904 lingali likiitwa soko la Darajani, na mitaa ile ingali ikiitwa Ng'ambo. Mgeni asimamaye pale leo akatafuta daraja halioni. Ajuaye maana ya neno huona mji mzima wa zamani.

Basi tuje kwenye matumizi, maana hapo ndipo kazi ya mhakiki ilipo. Wako wasemao kuwa neno lenye maana tatu ni dalili ya umaskini wa lugha. Mimi sikubali. Fundi hodari hana nyundo mbili ambapo moja yatosha. Neno daraja halimpotezi msikilizaji kama likipewa jirani wake wa haki, yaani kitenzi chake. Daraja la mto huvukwa. Daraja la nyumba hupandwa. Daraja la cheo mtu huwamo, hupandishwa au hushushwa. Ukiyalinda hayo, hutakosea. Kosa huanza pale mwandishi aondoapo kitenzi akaliacha neno likisimama peke yake kama nguzo isiyo na sakafu. Tazama sentensi hii: "Wilaya yetu ina madaraja mabaya." Je, barabara zinakatika wakati wa masika, au watoto wameanguka mtihani? Huko Tanzania, ambako matokeo ya sekondari huhesabiwa kwa daraja la kwanza hata la nne, sentensi hiyo yaweza kumfadhaisha mhandisi na mwalimu kwa wakati mmoja. Mwandishi angeongeza neno moja tu, akasema madaraja ya mito au madaraja ya mtihani, shaka ingekwisha.

Kosa la pili ni zito zaidi, kwa kuwa laweza kuua. Katika mazungumzo yetu kila kitu kilicholazwa juu ya mto huitwa daraja. Mhandisi hasemi hivyo. Kwake bomba kubwa lipitishalo maji chini ya barabara ni karavati, si daraja. Na sakafu ya zege iliyolazwa chini mtoni, ili gari lipite wakati wa kiangazi na maji yapite juu yake wakati wa mvua, hiyo kwake ni kitu kingine kabisa. Kwa sakafu ya namna hiyo, mto ukijaa njia imefungwa. Haikujengwa ili ikuvushe wakati wa mafuriko. Tarehe 4 Desemba 2021, katika mto Enziu karibu na Mwingi, kaunti ya Kitui, basi lililokuwa likiwachukua watu kwenda harusini, wengi wao wakiwa wanakwaya, liliingia katika kivuko kilichofunikwa na maji likachukuliwa. Watu zaidi ya 30 walikufa. Habari ilipoenea, wengi wetu tulisema basi limesombwa darajani. Sisemi kwamba neno ndilo lililowaua watu wale. Nasema kwamba neno daraja humwahidi msafiri usalama juu ya maji, na ahadi hiyo isitolewe mahali ambapo jengo lenyewe halikuitoa. Wahenga walisema, maji usiyoyafika hujui wingi wake. Mahali pa namna hiyo tupaite kivuko cha kiangazi, ili mtoto ajue kwa jina tu kwamba mvua ikinyesha hapapitiki.

Neno hili limesafiri hata katika maabara ya fizikia. Huko utasikia habari za daraja la Wheatstone. Ni mpango wa vipingamizi vinne vya umeme vilivyounganishwa kwa umbo la almasi, na kipimo cha mkondo kikawekwa katikati, kikiunganisha upande huu na upande ule. Aliyeubuni ni Samuel Hunter Christie mwaka 1833, na aliyeufanya ujulikane ni Charles Wheatstone mwaka 1843, nao umebaki na jina la huyo wa pili. Jambo la kupendeza ni kwamba kipimo kile cha katikati hutazamwa mpaka kisionyeshe mkondo wowote. Hapo ndipo pande mbili zimelingana, na kipingamizi kisichojulikana chaweza kuhesabiwa. Kwa hiyo hilo ni daraja ambalo kazi yake hutimia pale lisipopitwa na kitu. Ukimwambia hivyo mjenzi wa barabara atacheka, lakini kila mmoja amelitumia neno kwa haki katika mahali pake.

Wanasiasa nao hulipenda neno hili. Tarehe 9 Machi 2018 viongozi wawili waliokuwa wakipingana, Uhuru Kenyatta na Raila Odinga, walipeana mikono jijini Nairobi, na mpango uliofuata ukapewa kwa Kiingereza jina lenye maana ya kujenga madaraja. Mahakama ya Juu ilitoa uamuzi wake juu ya mpango huo tarehe 31 Machi 2022, na mabadiliko ya katiba yaliyokusudiwa hayakuendelea. Wema au ubaya wake si shauri letu hapa. Linalonipendeza ni kwamba waandishi wetu wa Kiswahili mara nyingi hawakuifasiri picha ya daraja. Waliuita Mpango wa Maridhiano. Walitafuta jambo lenyewe, wakaiacha picha. Nawe ukitaka kuandika katika insha yako kwamba fulani "anajenga daraja", jiulize kwanza maswali ya mhandisi. Kizuizi ni kipi? Nguzo zimesimama wapi? Ni nani atakayevuka, naye ataweza kurudi? Kama huna majibu, acha daraja, useme mapatano.

Sasa turudi Kalimoni, tumalize pale tulipoanza. Barabara kuu ya kutoka Nairobi hata Thika, yenye urefu wa kilomita 50 hivi, ilianza kupanuliwa mwaka 2009 na kufunguliwa rasmi mwezi wa Novemba 2012. Barabara hiyo ni pana na magari yake ni ya kasi, kwa hiyo ni kizuizi kwa mwenda kwa miguu kama vile mto uliofurika. Ndiyo sababu pakajengwa madaraja ya waendao kwa miguu. Hata hivyo wengi wamekufa wakikimbia katikati ya magari, na wengine walikuwa hatua chache tu kutoka daraja lenyewe. Ukiwauliza wakimbiao kwa nini hawapiti juu, watakwambia kwamba daraja linachosha, ngazi ni nyingi, nao wana haraka.

Litazame daraja hilo vizuri, msomaji, kwa maana maana mbili za neno letu zimekutana pale kwa zege na chuma. Mama amwambiapo mtoto wake, "Panda daraja!" hakosei Kiswahili, ingawa nimesema daraja la kuvukia huvukwa. Pale lazima upande ili uvuke. Kipandio cha Mwarabu na kivuko cha Mswahili vimekuwa jengo moja, na atakaye kuvuka bila ya kupanda hujiweka katika hatari ya mauti.

Nawaza habari hiyo kila nionapo jinsi mwanafunzi wa siku hizi anavyosumbuka kwa ajili ya daraja la mtihani. Kusumbuka huko si kubaya. Chuo Kikuu cha Kilimo na Teknolojia cha Jomo Kenyatta kiko pale Juja, karibu na Kalimoni, na kijana wa hapa atakaye kujifunza uhandisi hataingia bila ya kupanda vidato vyake kimoja kimoja. Lakini ngazi iliyosimama peke yake humwinua mtu mmoja akawatazama wenziwe kutoka juu, nao wahenga walikwisha kusema kwamba mpanda ngazi hushuka. Ngazi ya daraja la barabarani ina kusudi jingine. Imewekwa pale kwa sababu upande wa pili kuna soko, kuna hospitali, kuna nyumba ya mtu, na wapitao ni wengi, wendao na warudio.

Basi ukiulizwa shuleni umepata daraja gani, jibu kwa ukweli, kisha ujiulize na swali la pili, ambalo mtihani hauliulizi: daraja hilo litamvusha nani? Na ukiikuta njia ya Thika mbele yako jioni, vitabu mkononi na giza likiingia, usiwe na haraka. Panda daraja.