Walimlilia Mbwa: Filamu za Nelson Pereira dos Santos wa Brazili

Ndugu msomaji, neno sinema likitajwa katika nyumba zetu wazee wengi hukunja uso, nao wana sababu. Aghalabu ya yanayoonyeshwa ni mapigano yasiyo na maana, mapenzi yasiyo na haya, na wizi uliopambwa hata kijana akauona kuwa ushujaa. Siwalaumu wazee hao. Lakini kuikataa kazi yote kwa ubaya wa walio wengi ni sawa na kuacha kusoma kwa kuwa dukani viko vitabu vya upuuzi. Leo nataka kukuzungumzia mtu aliyeifanya kazi hiyo kwa zaidi ya miaka hamsini, naye ni Nelson Pereira dos Santos wa Brazili, aliyezaliwa São Paulo mwaka 1928 na kufariki Rio de Janeiro mwezi wa Aprili 2018. Alikuwa mwongozaji wa filamu zake, na nyingi katika hizo aliziandika mwenyewe. Nami nitaipima kazi yake kwa swali moja: mtu anayemwonyesha maskini mbele ya wasio maskini, ana deni gani kwa yule maskini?

Tuanze na mbwa. Mwaka 1964 filamu yake iitwayo Vidas Secas, yaani Maisha Makavu, ilionyeshwa katika tamasha la Cannes, Ufaransa. Ni habari ya mtu mmoja, mkewe, na watoto wao wawili wa kiume, wanaohama kwa miguu kuukimbia ukame wa kaskazini-mashariki ya Brazili. Wana mbwa, jike, aitwaye Baleia, yaani Nyangumi. Jina la bahari kwa mnyama asiyepata hata maji ya kunywa! Karibu na mwisho mbwa yule augua, na baba hana ila kumpiga risasi. Basi watazamaji wa Cannes wakachafuka. Wakasema mnyama ameuawa kweli kwa ajili ya mchezo. Hapakuwa na njia ila mbwa apandishwe ndege mpaka Ufaransa, watu wamwone kwa macho yao kwamba yu hai.

Kumhurumia mnyama ni jambo jema, wala sitaki nifahamike vinginevyo. Lakini tazama, msomaji. Katika filamu hiyohiyo mtu asiye na kosa amepigwa na kutiwa ndani, amepunjwa ujira wake, na wanawe hawana neno la kujibiwa wanapouliza. Hayo yote yalipita mbele ya macho yaleyale, na kelele iliyobaki katika kumbukumbu ni ya mbwa. Wako watakaosema kwamba hilo ni kosa la mwongozaji, kwa kuwa ndiye aliyepanga wapi watu walie. Mimi sioni hivyo, na nitaeleza.

Kwanza ujue alikotoka. Alisoma sheria huko São Paulo, akafanya kazi ya gazeti, na katika ujana wake alikuwa mkomunisti. Wakati huo Brazili ilikuwa na studio kubwa, Vera Cruz, iliyoanzishwa mwaka 1949 kwa tamaa ya kutengeneza filamu za fahari kama za Marekani. Haikuchukua muda; kufikia mwaka 1954 ilikuwa imekwisha filisika. Yeye akashika njia nyingine. Aliwakusanya wenziwe, wakauza hisa ndogo ndogo kwa marafiki, na waliofanya kazi wakaahidiwa mafungu ya mapato badala ya mishahara. Wakatoka mitaani na kamera ya kuazima. Hii ndiyo maana ya mtengenezaji wa filamu aliye huru: hakuwa na bwana wa kumwambia aonyeshe nini, wala hakuwa na fedha.

Kazi ya kwanza iliyotoka hapo ni Rio, 40 Graus ya mwaka 1955, yaani Rio, Nyuzi Arobaini za Joto. Vijana watano wa mtaa wa vibanda mlimani wateremka siku ya Jumapili kuuza karanga mahali wanapotembea watalii: pwani ya Copacabana, uwanja wa mpira wa Maracanã, na kwingineko. Mmoja wao, mtoto mdogo, ana mjusi wake anayemfuga. Aingia naye katika bustani ya wanyama, na mlinzi amnyang'anya mjusi na kumtupia nyoka. Mambo kama haya hayana haja ya maelezo, na mwongozaji hayaelezi. Mkuu wa polisi wa mji akaipiga filamu marufuku. Yasimuliwa kwamba miongoni mwa hoja zake alidai joto la Rio halijafika kamwe nyuzi arobaini, kwa hiyo jina lenyewe ni uwongo. (Mwenye kutafuta kosa hata kipimajoto humtolea ushahidi.) Waandishi na wasomi walipiga kelele, na mwaka 1956 watu wakaruhusiwa kuitazama.

Mwaka 1957 alitoa Rio, Zona Norte, juu ya mtunzi wa nyimbo za samba, maskini, ambaye nyimbo zake huchukuliwa na wajanja wakaziuza kwa majina yao. Mchezaji ni Grande Otelo, aliyezoeleka kuwachekesha watu, na humo hachekeshi. Ni filamu nzuri, ila mara nyingine inakushika mkono mno, inataka ulie.

Katika Vidas Secas amekwisha acha tabia hiyo. Hata njia ya kuifikia ina kisa. Mwaka 1960 alikwenda na watu wake Juazeiro, jimbo la Bahia, kuipiga filamu ya ukame, na mvua ikanyesha! Nchi ikawa kijani kibichi. Wenyeji bila shaka walifurahi. Yeye alibaki na kamera na hadithi ya kiu. Akabuni filamu nyingine palepale, akaiita Mandacaru Vermelho, akacheza humo yeye mwenyewe. Hiyo si kubwa katika kazi zake. Lakini angeweza kupaka majani rangi au kuchagua pembe zilizokauka, na hakufanya. Alingoja, akaenda jimbo la Alagoas, nchi ya Graciliano Ramos, mwandishi wa kitabu cha mwaka 1938 alichokitegemea.

Mpiga picha wake mkuu, Luiz Carlos Barreto, alikuwa mpiga picha wa magazeti. Waliondoa vioo vinavyopunguza ukali wa jua, na mwanga ukaingia kama ulivyo. Mbingu ni nyeupe tupu. Mtazamaji aketiye kivulini ajikuta akikunja macho. Hapa pana adabu kubwa, msomaji, kwa kuwa njaa ikipigwa picha kwa mawingu mazuri na vivuli laini yageuka kuwa pambo la ukuta.

Na sasa tazama jinsi anavyowaonyesha watu. Mwanzoni wana kasuku. Hasemi, kwani nyumba yenyewe haina mazungumzo ya kumfundisha. Mama amnyonga wapate kumla. Hakuna kilio wala muziki wa huzuni, wanakula. Kisha mvua yaja, na baba, Fabiano, apata kazi ya kuchunga ng'ombe za tajiri. Katika kitabu ujira wake ni robo ya ndama na thuluthi ya wana wa mbuzi, lakini mtu asiye na akiba hula kabla ya kuvuna, na kila alichokula kimeandikwa. Mkewe, Sinhá Vitória, ambaye hakusoma, amemfanyia hesabu nyumbani kwa mbegu alizozipanga chini. Fabiano aenda kupokea haki yake, na hesabu ya tajiri si hesabu ya mbegu. Auliza tofauti imetoka wapi. Jibu ni neno moja, nalo msomaji walijua: riba. Fabiano apandisha sauti, tajiri amwambia akatafute kazi kwingine, na yule aliyedhulumiwa ndiye aombaye radhi, kofia mkononi.

Nimeona mawaidha mengi juu ya riba, na mengine nimeyatoa mimi. Sijui kama liko lililonionyesha kama kitendo kile cha kofia. Sisi hueleza kwamba riba ni dhuluma kwa mali ya mtu. Filamu yaonyesha jinsi inavyoingia katika shingo yake hata akajifunza kuiinamisha.

Jambo la pili ni swali la mtoto. Fabiano amepigwa na askari kwa ugomvi wa mchezo wa karata, kaletwa mwanamke wa kumtibu, na mtoto mkubwa asikia kinywani mwake neno jahanamu. Amfuata mama kumwuliza maana yake. Mama amwambia ni mahali pabaya, penye moto. Mtoto auliza: wewe umekwenda, umepaona? Apigwa konzi. Atoka nje na mbwa wake, alirudia neno lile peke yake, huku akitazama nyumba, na ardhi iliyopasuka, na miti isiyo na majani. Sisi tuliofundisha chuoni twalijua konzi lile. Mtoto hakuuliza kwa utovu wa adabu. Ameuliza kwa kuwa ana akili, na mama kampiga kwa kuwa amechoka na hana jibu. Mwongozaji hamlaumu mama wala hamcheki mtoto. Awatazama wote wawili kwa urefu uleule wa macho, na hilo, kwa maoni yangu, ndilo deni nililoliuliza mwanzoni na namna ya kulilipa.

Baadaye Fabiano amkuta askari yule amepotea porini, peke yake, naye Fabiano ana panga. Simalizi, utaona mwenyewe.

Ndipo narudi kwa mbwa. Watu hawa wanne hawalii mbele yetu, wala hatukupewa nafasi ya kuwalilia. Machozi yote ya filamu yamewekwa mahali pamoja, kwa Baleia, ambaye katika kufa kwake anaonyeshwa akitazama vijinyama vya porini alivyokuwa akiviwinda kwa ajili ya nyumba. Aliyelia pale analilia nyumba nzima, ajue asijue. Wa Cannes hawakujua. Wakataka kuonyeshwa mbwa mzima, wakaonyeshwa, roho zao zikatulia. Je, na sisi tungefanya nini?

Si yote ya mtu huyu ninayokusifia. Mwaka 1971 alitengeneza Como Era Gostoso o Meu Francês, juu ya Mfaransa aliyetekwa na Watupinambá, wenyeji wa Brazili, zama za kuja Wazungu. Hoja yake nzito, na sehemu kubwa ya maneno ni ya lugha ya Kitupi. Lakini wachezaji wako uchi tangu mwanzo mpaka mwisho. Hiyo haiingii nyumbani mwangu, na sikushauri uiingize mwako. Kisha akatoa O Amuleto de Ogum mwaka 1974, juu ya kijana aliyefanyiwa tambiko asidhuriwe na risasi. Hapa mwongozaji aliazimia kwamba msanii asiwe juu ya imani za watu, azionyeshe kama wao wanavyoziona. Kuacha dharau ni kuzuri. Lakini kuacha dharau si kuacha kuuliza, naye katika filamu hii ameacha kuuliza. Kwa tajiri wa Fabiano aliuliza. Kwa mganga wa kijana huyu akanyamaza.

Mwaka 1977 akatoa Tenda dos Milagres, kwa kitabu cha Jorge Amado, inayotendeka Salvador, Bahia. Filamu haina habari na Waislamu, ila msomaji ajue kwamba katika mji huohuo, mwezi wa Ramadhani, Januari 1835, watumwa na mahuru wa Kiafrika waliokuwa Waislamu waliinuka dhidi ya mabwana, na karatasi zao za maandishi ya Kiarabu zikatumiwa kuwa ushahidi juu yao. Natamani mtu wa uangalifu kama wake angelishika somo hilo.

Kazi yake ya pili kwa ukubwa, nionavyo, ni Memórias do Cárcere ya mwaka 1984, yapata saa tatu, tena kwa kitabu cha Graciliano Ramos. Ramos alikamatwa mwaka 1936 katika utawala wa Getúlio Vargas, akafungwa miezi kadhaa bila ya kuhukumiwa. Kitabu kilitoka mwaka 1953, mwenyewe amekwisha kufa. Filamu ilitoka majeshi yakiwa bado yanatawala Brazili, tangu 1964, na hayakuondoka ila mwaka 1985. Humo mfungwa aandika, na wezi na wauaji waliofungwa pamoja naye wataka majina yao yaingie katika daftari. Askari wanapoyatafuta maandishi, wafungwa wameyaficha miilini mwao, huyu ukurasa, na yule ukurasa. Hapa tena ni deni lilelile, ila safari hii wanaoandikwa ndio wanaomlinda mwandishi.

Alifundisha kazi hii chuo kikuu huko Niterói, aliwahariria wenziwe filamu zao, kama Barravento ya Glauber Rocha, na mwaka 2006 Chuo cha Fasihi cha Brazili kilimchagua, mtengenezaji wa filamu wa kwanza kuingia humo.

Ukitaka kuitazama Vidas Secas pamoja na wanao, ni nyeusi na nyeupe, yachukua saa moja na dakika arobaini na kitu. Waambie watoto mapema habari ya kasuku na ya mbwa. Maneno ni machache, hata asiyejua Kireno hapotei. Na usiizime mwanzoni kwa kudhani chombo kimeharibika. Mkwaruzo ule unaoumiza masikio ni gurudumu la gari la ng'ombe.