Sauti Isiyo na Uso: Ukengeushi katika Eh Joe na Kibanda cha Video cha Koboko

Uhakiki wa Kiswahili umezoea kuutafuta ukengeushi katika riwaya, hasa tangu Kichwamaji ya Euphrase Kezilahabi (1974). Televisheni imepewa nafasi ndogo, ingawa tamthilia fupi ya Samuel Beckett, Eh Joe, iliyorushwa na BBC mwaka 1966, inalibeba suala hilo kwa vifaa vichache mno: chumba, kitanda, mwanamume mmoja na sauti ya mwanamke asiyeonekana.

Joe anakagua dirisha, mlango, kabati na uvungu wa kitanda, kisha anaketi akidhani yu salama. Sauti inaanza kumshtaki. Hajibu neno. Kamera humsogelea mara 9, na husogea sauti inaponyamaza tu. Ikirejea, kamera husimama. Ufundi wa Beckett umo humo, si katika kisa cha wanawake walioachwa, ambacho peke yake ni cha kawaida. Upweke wa Joe hautokani na kukosa watu. Unatokana na kusemwa bila kuweza kujibu.

Kwa maana hiyo, kazi hii inaigusa Kuluba, wilayani Koboko. Tangu Idi Amin aanguke mwaka 1979, watu wa West Nile wamesemwa sana na wengine, na wengi walisikia habari zao wakiwa ukimbizini Sudan na Zaire. Nchini Uganda filamu hutazamwa kwa kujazana kibandani, huku VJ akiisimulia juu ya sauti yake ya asili, kwa kawaida kwa Kiganda. Jijini Kampala sauti hiyo hukusanya watu: humtania shujaa, huchekesha hadhira. Ikifika Koboko, Mkakwa asiyejua Kiganda husikia utani ambao hakutungiwa yeye. Amebanwa mabega na jirani zake, lakini yumo chumbani mwa Joe. (Tofauti ni kwamba Joe ana la kujibu, mtazamaji huyu hana kosa.)

Kiswahili kilifanywa lugha rasmi ya pili ya Uganda mwaka 2005, na Julai 2022 Baraza la Mawaziri likaidhinisha azimio la Jumuiya ya Afrika Mashariki kuhusu lugha hiyo. Mjadala uliofuata umeelemea shuleni; kibanda kimesahauliwa. Wala kurekodi Kiswahili Kampala na kukisambaza hakutoshi. VJ wa awali alisimama ukumbini, mbele ya watu. Msimulizi wa namna hiyo, akisema Kiswahili cha sokoni Koboko, angempa mtazamaji kile ambacho Beckett alimnyima Joe: nafasi ya kumkatiza msemaji.