Dakika 79 za Bluu Tupu

Filamu ya Blue ya Mwingereza Derek Jarman ina dakika 79 na picha moja tu: skrini ya bluu, tangu mwanzo hadi mwisho. Ilitoka mwaka 1993, Jarman akiugua UKIMWI, virusi vikiwa vimeshambulia retina na kumwachia uoni hafifu. Alifariki Februari 1994.

Mzigo wote umebebwa na sauti. Jarman, Tilda Swinton, Nigel Terry na John Quentin wanapokezana shajara, mashairi na habari za hospitali, huku muziki wa Simon Fisher Turner ukipita chini yao. Aliyekulia kwenye vibanda umiza vya video atasema hilo si geni, kwani Lufufu, mtafsiri wa filamu, naye alikuwa akiibeba sinema kwa mdomo. Ila Lufufu alieleza kilichokuwa mbele ya watu. Hapa mbele hakuna kitu, kwa hiyo kelele za mkahawa ndizo mkahawa, na mawimbi ndiyo bahari.

Wapo wanaoiita filamu ya kipofu, mimi siafiki. Jicho likikodolea rangi moja muda mrefu huchoka: bluu hufifia, ukingoni huzuka unjano, ukipepesa inarudi. Mtazamaji anafanyishwa kazi na macho yake mwenyewe. Septemba 19, 1993, Channel 4 iliionyesha wakati BBC Radio 3 ikiirusha hewani. Wa redio walipata maneno yote, wakakosa uchovu huo.

Sehemu iliyonikaa ni pale yanaposomwa madhara ya dawa ya macho, moja baada ya jingine, kwa sauti kavu kama ya karani, hadi unatamani asome haraka amalize. Mgonjwa humwoni. Hapo ndipo mbinu inapolipa: Jarman amekataza mwili wake usitazamwe.

Kagera inapaswa kulielewa katazo hilo. Wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI nchini Tanzania waligunduliwa mkoani hapa mwaka 1983, watu wakauita ugonjwa Juliana, kwa jina la kitambaa kilichovushwa kutoka Uganda. Picha zilizotutangaza baadaye zilikuwa za miili iliyokonda, makaburi na yatima.

Rwamishenye hadi Muleba wapo walioiishi miaka ile na wangali na sauti zao. Vijana wa filamu wa Bukoba, simu yenye kinasa sauti inatosha kuanzia. Wasikilizeni kwanza, kamera isubiri.